Lyudmila Gurchenko: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu dada wa "Dakika Tano"

Kila nikimtaja huyu mama watu wananiuliza vitu vilevile, kwani ni nani, si ndo yule aliyekataa kuwa jasusi, nianze na muvi gani. Nimechoka kurudia, nimeyaweka yote sehemu moja. Sijayapanga sana, mengine nimeyajibu kwa kirefu mengine nimepita juujuu tu, maana si kila swali lina utamu sawa.

Haya, Lyudmila Gurchenko ni nani?

Muigizaji na muimbaji wa enzi za Umoja wa Kisovieti. Amezaliwa 12 Novemba 1935 mjini Kharkiv, amefariki 30 Machi 2011 Moscow akiwa na miaka 75. Alipata ustaa akiwa na miaka 21 kwa filamu moja na wimbo mmoja, halafu akapotezwa kwa zaidi ya miaka kumi, halafu akarudi akiwa anakaribia 40 na safari hii kama muigizaji wa uzito kabisa, sio kisura wa kuimba na kutingisha sketi. Hiyo ya katikati, miaka ya kupotezwa, ndo inanifanya nimwongelee sana kuliko mastaa wenzake wa kule.

Wewe umemjulia wapi? Sisi huku tumekua na muvi za Kihindi na za makarate

Mjomba wangu alisomea uinjinia Urusi miaka ya 80, akarudi na cheti, koti zito ambalo hapa Dar halikuwahi kupata kazi, na wimbo mmoja. Kila tarehe 31 Desemba ikikaribia saa sita usiku anaanza "pyat minut, pyat minut", yaani dakika tano, dakika tano, watoto tunacheka tukidhani ni wimbo wa kilevi. Kumbe ni Gurchenko. Ukimpata mzee yeyote aliyesoma kule, Moscow, Kyiv, Minsk popote, mwimbie hayo maneno mawili tu uone uso wake utakavyobadilika.

Ni Mrusi au Mukraine?

Hili siku hizi linaulizwa kwa hasira, nitalijibu kwa upole. Kharkiv iko Ukraine na wakati anazaliwa ilikuwa ndani ya jamhuri ya Kisovieti ya Ukraine, tena ilikuwa mji mkuu wake mpaka 1934, mwaka mmoja tu kabla yake. Baba ametokea upande wa Smolensk, Urusi, familia ya wakulima. Mama ana asili ya Moscow, familia ya kikabaila iliyoporomoka baada ya mapinduzi. Kazi zake karibu zote kaigiza kwa Kirusi na maisha yake ya ukubwani yalikuwa Moscow, ila Kharkiv hakuacha kuiongelea mpaka anakufa. Ndo Kharkiv hiyohiyo ambako Waafrika wengi, wakiwemo wa kwetu, wamesomea udaktari kabla vita ya 2022 haijawakimbiza.

"Markovna" ni jina la ukoo?

Hapana, ni kama sisi tunavyosema binti Fulani. Lyudmila Markovna ni Lyudmila binti Mark. Baba yake ni Mark Gavrilovich Gurchenko, alikuwa anapiga bayan, ile akodiani ya vifungo, fikiria akodiani ya taarab asilia lakini iwe na vifungo pande zote mbili. Yeye na mkewe walikuwa wanafanya kazi kwenye jumba la muziki la Kharkiv, wanaishi kwenye chumba kimoja cha chini ya ardhi.

Na hilo Lyudmila lenyewe lina stori. Kabla hajazaliwa, wazazi walienda sinema wakaangalia filamu ya Kimarekani, baba akapenda jina la binti wa mle ndani, Lucy, akasema nikipata mtoto wa kike ndo huyo. Kwenda kuandikisha akaambiwa jina hilo kwa Warusi halipo, muandikishe Lyudmila, nyumbani muite Lyusya. Basi maisha yote akawa Lyusya. Kwa hiyo hata jina lake limetoka kwenye skrini.

Utoto wake ulikuwaje? Ni kweli aliwaimbia askari wa Hitler?

Kweli, na amesimulia mwenyewe bila kujificha kwenye kitabu chake cha utotoni kilichotoka mwanzoni mwa miaka ya 80. Wajerumani waliingia Kharkiv Oktoba 1941, yeye hajafika hata miaka sita. Baba alikuwa ameenda vitani, ingawa kwa umri na afya yake angeweza kubaki. Mtoto kabaki na mama ambaye kwa kusimulia kwake alikuwa mpole, mtu wa kumtegemea mumewe kwa kila kitu, ghafla hayupo wa kumtegemea.

Kharkiv ile ilikuwa njaa na kunyongwa watu hadharani, wengine wakining'inizwa kwenye mabaraza ya maghorofa na watu wanaamrishwa kukusanyika waangalie. Katikati ya hayo mtoto anagundua kwamba akisimama mbele ya askari akaimba na kucheza kidogo, tena akaweka na maneno ya Kijerumani aliyoyadaka mitaani, anatiliwa chakula kwenye kopo. Anarudi na kopo kwa mama. Watu wanapenda kusema ndo "jukwaa lake la kwanza" halafu wanatabasamu, mimi hapo sitabasamu, mtoto alikuwa anatafuta supu.

Mji ulibadilishana mikono mara kibao, Wasovieti wakaurudisha Februari 1943, Wajerumani wakauchukua tena Machi, ukakombolewa moja kwa moja Agosti 23 mwaka huohuo. Siku chache baadaye, 1 Septemba, mtoto kaingia darasa la kwanza. Mwaka unaofuata kajiunga shule ya muziki.

Halafu kuna kitu cha ajabu. Baada ya vita kule majumba ya sinema yalionyesha filamu zilizotekwa Ujerumani, na moja ilikuwa ya Marika Rökk, mwimbaji na mchezaji densi aliyekuwa staa wa sinema za Wajerumani. Lyusya alimpenda mpaka basi, akawa anamuiga mbele ya kioo, miguu, mabega, kila kitu. Watu waliomlaza njaa ndo hao filamu yao ikamwonyesha anataka kuwa nani.

Moscow alifikaje?

1953, kamaliza shule, kapanda treni, kafanya usaili wa VGIK, chuo kikuu cha sinema cha serikali, akapita. Akapangwa darasa la Sergei Gerasimov na mkewe Tamara Makarova, na kule kupata darasa la Gerasimov ilikuwa ni kama kupata jina tayari. Binti mwenyewe kaja na lafudhi ya Kharkiv ambayo ilibidi aifanyie kazi. Alimaliza 1958.

Kwa wanaopenda sinema za Afrika, Gerasimov huyuhuyu ni mmoja wa waliomfundisha Ousmane Sembène wa Senegal alipoenda Moscow mwanzoni mwa miaka ya 60, na VGIK ndo iliyowatoa Souleymane Cissé wa Mali na Abderrahmane Sissako wa Mauritania. Kwa hiyo mti ni mmoja, matawi tu tofauti.

Hiyo filamu iliyomtoa inahusu nini hasa?

Inaitwa Karnavalnaya noch, yaani usiku wa kanivali, ya studio ya Mosfilm, ilianza kuonyeshwa 29 Desemba 1956. Dairekta ni Eldar Ryazanov, kijana wa miaka 29, na hii ndo komedi yake ya kwanza. Stori nyepesi kabisa: jumba la utamaduni, vijana wafanyakazi wameandaa sherehe ya mwaka mpya, wana bendi, wana densi, wana vichekesho. Halafu analetwa kaimu mkurugenzi mpya, ndugu Ogurtsov, kaigiza Igor Ilyinsky, bosi wa aina tunayoijua wote, kila kitu anataka kukipitisha yeye, anataka wachekeshaji wavae kwa heshima, wanamuziki vijana awatoe aweke wazee, na badala ya nyimbo iwepo hotuba na mhadhara. Vijana hawabishani naye. Wanamzunguka. Mwanamuziki kijana anabandikwa ndevu anakuwa mzee, mhadhiri wa kuongelea kama kuna uhai kwenye sayari ya Mars analeweshwa kabla hajapanda jukwaani, na bosi usiku kucha anakimbia huku na huku anazima moto ambao hauzimiki.

Gurchenko ni Lenochka Krylova, kiongozi wa hao wahuni. Gauni jeusi, kiuno kama cha nyigu, na wimbo wa dakika tano, kwamba zimebaki dakika tano mwaka uishe, kama mna ugomvi patanisheni sasa hivi.

Ukitaka kuelewa kwa nini watu walichanganyikiwa, angalia mwaka. Stalin kafa 1953. Februari 1956 Khrushchev, kiongozi aliyemfuata, katoa ile hotuba ya siri ya kumshambulia. Desemba mwaka uleule watu wanaingia sinema wanaona bosi wa serikali anachekwa mwanzo mwisho na hakuna aliyekamatwa! Kipindi hicho wenyewe wanakiita kuyeyuka kwa barafu. Filamu iliongoza kwa watazamaji mwaka huo, zaidi ya milioni 48. Kule mwaka mpya ndo sikukuu kubwa kuliko zote kwa sababu za kidini zilikuwa zimebanwa, sasa wewe ukishakuwa sura ya mwaka mpya umeshaingia kwenye kila nyumba.

Halafu nusura asiwemo. Kwenye majaribio ya kwanza hakuchukuliwa. Inasimuliwa kwamba mkuu wa Mosfilm, Ivan Pyryev, alikutana naye kwenye korido, akamwangalia anavyotembea, akamshika mkono akampeleka studio akaamuru apigwe picha upya na safari hii vizuri.

Kwa nini basi alipotea? Ni kweli KGB walimtaka?

Hapa tukae kidogo.

Kiangazi cha 1957 Moscow iliandaa tamasha la dunia la vijana na wanafunzi, tarehe 28 Julai mpaka 11 Agosti, wageni 34,000 kutoka nchi 131. Kwa nchi iliyokuwa imefungwa vile, hiyo ni mafuriko. Vyombo vya usalama, yaani hao KGB, vilitaka macho na masikio, na nani mzuri kuliko binti anayejulikana na kila mtu, anacheka na wageni, anaimba nao, halafu anaandika ripoti. Gurchenko alisimulia miaka mingi baadaye kwamba aliitwa kwa wakubwa akaombwa afanye hiyo kazi, akakataa. Wala hakutoa hotuba ya kishujaa, alitafuta visingizio vya kujitoa, lakini jibu lilikuwa hapana.

Si muda mrefu gazeti la vijana wa Chama, Komsomolskaya Pravda, likatoka na makala ya kejeli kuhusu yeye. Kichwa chake tafsiri yake ya karibu ni "kutap densi pembeni", na kwa Kirusi neno hilo la pembeni linamaanisha michongo ya nje ya kitabu, deiwaka isiyo na risiti. Wakamsema anaenda kuimba kwenye makonsati ya mikoani analipwa mkononi bila kupitia taratibu, kapata umaarufu kavimba kichwa, binti wa Kisovieti gani huyu mwenye tamaa ya hela. Barua za wasomaji wenye hasira zikafuata. Jina lililokuwa linafungua milango sasa linaifunga.

Sasa kuna watu wanataka iwe stori rahisi, alikataa ujasusi, wakammaliza, mwisho. Mimi sidhani ni rahisi hivyo. Makala ilimuumiza ndiyo. Lakini pia filamu ya pili waliyomtengenezea, Devushka s gitaroy, binti mwenye gitaa, 1958, ilikuwa jaribio la kurudia uleule wali wa jana, na wali wa jana ukipashwa mara mbili mnajua wenyewe. Halafu 1959 kapata mtoto wa kike. Na madairekta nao walikuwa wamemzoea hivi: Gurchenko ni kiuno na wimbo, huyu utampa nafasi gani ya mama mwenye majonzi? Mwanamke mzuri anayeimba kule walimchukulia kama pambo la mezani. Ukivijumlisha vyote hivyo unapata mtu ambaye kila mtaa wanamjua na simu haiiti.

Staa wa watazamaji milioni 48 anahangaikaje na makonsati ya mikoani? Hela za filamu zilienda wapi?

Nchi ile muigizaji hakuwa na asilimia. Ulikuwa na daraja lako, daraja lina kiwango chake, filamu iangaliwe na watu elfu kumi au milioni hamsini wewe umeshalipwa kilekile na biashara imeisha. Mapato yanaenda serikalini. Ndo maana michongo ya pembeni waliifanya karibu wote, waimbaji, wachekeshaji, waigizaji, kila mtu alijua. Kumshtaki mmoja kwa jambo linalofanywa na wote ni njia ya kale ya kumuadhibu kwa jambo jingine, hata huku kwetu tunaijua.

Miaka hiyo yote alifanya nini?

Hakukaa kimya kabisa, hilo watu wanakosea. Alipata vinafasi vidogo vidogo, mfano 1964 kaigiza Ustinka, rafiki wa mmoja wa mabinti, kwenye Zhenitba Balzaminova, unamuona dakika chache tu. 1965 kuna Rabochiy posyolok ya Vladimir Vengerov, ambayo kwangu ni filamu muhimu kuliko inavyosemwa, kaigiza mke wa askari aliyerudi kipofu na kugeuka mlevi, hamna nyimbo za furaha wala gauni la kumeremeta, na aliyekuwa na macho angeona hapo kwamba huyu mtu ana kitu. Katikati ya miaka ya 60 alikuwa pia kwenye tamthilia, jumba la Sovremennik la Moscow, akaigiza Roxane kwenye Cyrano. Na makonsati mikoani, viwandani, kumbi za baridi, treni usiku, unaimba dakika tano mwezi wa saba kwa sababu ndo wanachotaka.

Alirudi vipi?

Kwa kiwanda cha nguo! Dairekta Viktor Tregubovich wa studio ya Lenfilm, Leningrad, alimchukua kuwa mkurugenzi wa kiwanda kwenye Starye steny, kuta za kale, filamu ya 1973. Watu walishangaa, huyu wa kanivali anakuwaje bosi wa kiwanda? Kafunga nywele, kavaa suti za kiofisi, anaongea kama mwanamke aliyeamrisha watu miaka ishirini na akirudi nyumbani hana wa kumwambia kachoka. Kama umewahi kumuona mkuu wa shule wa kike wa zamani, yule wa viatu vya kisigino kifupi na sauti isiyopandishwa, ndo huyo. 1976 filamu ikampatia tuzo ya serikali ya jamhuri ya Urusi. Na simu ikaanza kuita, safari hii mfululizo.

Mguu aliuvunja kweli wakati wa kushuti?

Kweli. 1976, filamu ya watoto iitwayo Mama, ya dairekta Mromania Elisabeta Bostan, Gurchenko ni mama mbuzi. Wanashuti kwenye barafu, akaanguka, mguu ukavunjika vibaya vipande vipande. Alirudi kazini na mguu haujapona. Kwenye shoo zake za televisheni za baada ya hapo anacheza na visigino virefu kama kawaida, mimi nikiangalia naumia kwa niaba yake.

Nianze na filamu ipi?

Inategemea una moyo gani siku hiyo.

Ukitaka kucheka, Lyubov i golubi, mapenzi na njiwa, ya Vladimir Menshov, iliingia sinema 1985, zaidi ya watazamaji milioni 44. Mwanaume wa kijijini mfuga njiwa anatumwa pwani kupumzika kwa ofa ya kazini, anakutana na Raisa Zakharovna, mwanamke wa mjini, mtu wa yoga na viumbe wa sayari nyingine na maneno makubwa makubwa, anamchota. Raisa ndo Gurchenko. Angemfanya mchawi wa kuiba waume za watu wala nisingeshangaa, ila kamfanya mtu mpweke anayejifunika na maneno, unamcheka huku unamhurumia. Mke wa kijijini akimkuta, jamani, sisemi.

Ukitaka filamu ya vita isiyo na vita, Dvadtsat dney bez voyny ya Aleksei German, 1976, siku ishirini bila vita. Mwandishi wa habari wa jeshi anapata likizo fupi kwenda Tashkent mwishoni mwa 1942, anakutana na mwanamke. Mwanaume ni Yuri Nikulin, ambaye kwa Wasovieti ni klauni wa sarakasi! Klauni na binti wa kanivali, na hakuna anayechekesha. Nyeusi na nyeupe, polepole, nyuso zimechoka. Si ya kila mtu, lakini ikikukamata imekukamata.

Halafu Pyat vecherov, jioni tano, ya Nikita Mikhalkov, 1978. Waliishuti chini ya mwezi mmoja wakati kazi ya filamu nyingine ya Mikhalkov imesimama. Mwanamke anaitwa Tamara, anaishi na mpwa wake kwenye chumba, ni msimamizi kiwandani, kila mtu akimuuliza anajibu maisha yake mazuri, kazi nzuri, ana heshima. Anarudi mwanaume aliyempenda kabla ya vita, miaka kumi na saba na zaidi imepita, na wote wawili wanadanganyana kuhusu wamefika wapi kimaisha. Ndo hiyo tu. Mwishoni kabisa Tamara anasema kama anajisemea, bora tu vita isiwepo. Ukishajua lile kopo la supu la Kharkiv, hiyo sentensi huisikii tena kama maneno ya script.

Na Vokzal dlya dvoikh, stesheni ya watu wawili, Ryazanov tena, ilishindanishwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, 1983. Hii ndo ninayompa mtu akiniambia nipe moja tu. Platon mpiga piano, kaigiza Oleg Basilashvili, anasubiri hukumu kwa ajali ambayo aliyekuwa anaendesha gari ni mkewe. Treni inasimama, anashuka kula, chakula kibovu, anakataa kulipa, wanazozana na muhudumu Vera, treni inaondoka, na pasipoti yake inapotelea kwa kondakta wa treni nyingine. Gurchenko ni Vera, muhudumu wa mgahawa wa stesheni, sauti ya kelele, kucha zimepakwa rangi, anajua kila ujanja wa kuficha nyama na matikiti. Siku ya kwanza anamchukia huyo msomi. Wanalala kwenye mabenchi ya stesheni, anamuuzishia matikiti sokoni, na taratibu unaona uso wa Vera unafunguka.

Magauni yake ni kweli alishona mwenyewe?

Mengi ndiyo. Alikuwa na mkono wa kushona, kubandika shanga, kukata gauni la zamani atoe jipya, na ile nchi duka lilikuwa na gauni la aina moja kwa watu wote kwa hiyo ukitaka kuwa tofauti unakaa chini na sindano. Ukimwangalia kwenye shoo zake za televisheni, hasa ile ya benefiti ya 1978, yaani shoo maalumu kwa ajili yake, kila nyimbo gauni lingine, na yale manyoya na mikanda si ya duka.

Ndoa ngapi?

Nyingi, tano au sita kutegemea unahesabu vyeti au unahesabu miaka ya kuishi pamoja. Mmoja alikuwa Iosif Kobzon, mwimbaji mkubwa kuliko wote wa enzi hizo, wakaachana 1970 na hawakuwa marafiki baadaye, mastaa wawili nyumba moja. Wa mwisho alikuwa prodyuza Sergei Senin, aliyebaki naye mpaka mwisho. Mwanaume ambaye Gurchenko hakuacha kumsifia kwenye vitabu vyake vyote ni baba yake tu.

Serikali iliwahi kumsafisha?

Makala hawakuifuta, ila 1983 walimpa cheo cha Msanii wa Watu wa Umoja wa Kisovieti, hakuna cha juu zaidi ya hicho kwa muigizaji kule. Kutoka kuitwa mtu wa tamaa mpaka hapo ni miaka ishirini na sita.

Baada ya Usovieti kuvunjika?

Sinema ya Urusi miaka ya 90 ilikufa karibu yote, studio hazina hela, kumbi zinageuzwa maduka ya samani. Yeye akarudi kwenye kuimba na jukwaa. Mwaka 2000 Ryazanov alimwita tena kwa Starye klyachi, vikongwe wanne wa kike wanaofanya uhuni mjini, inachekesha ingawa si ya kiwango cha zile za nyuma. Wakafanya hata kanivali ya pili, miaka 50 baadaye, hiyo mimi naiacha ipite. Mwishoni 2009 akatoa Pyostrye sumerki ambayo mwenyewe alishiriki kuidairekti na kuitungia muziki, kuhusu kijana kipofu mpiga piano.

Alikufaje?

Februari 2011 aliteleza kwenye barafu karibu na nyumbani akavunjika nyonga. Akafanyiwa upasuaji, akaruhusiwa, ilionekana anaendelea vizuri, tarehe 30 Machi damu iliyoganda ikaziba mapafu. Kazikwa Novodevichy, Moscow, makaburi ya watu wakubwa wa kule.

Kuna muvi ya maisha yake?

Kuna tamthilia ya televisheni ya 2015, Gurchenko kaigizwa na Yulia Peresild. Huyo Peresild ndo yule muigizaji aliyerushwa anga za juu Oktoba 2021 kushuti filamu kwenye kituo cha anga. Sijui Lyusya angesema nini, ila nadhani angeuliza suti ya huko kiunoni inabana kiasi gani.

Nazipata wapi, na Kirusi sijui?

Mosfilm wenyewe walipandisha filamu zao YouTube bure, nzima, nyingi zina maandishi ya Kiingereza chini, tafuta kwa majina ya Kirusi niliyoyaandika hapo juu. Za Lenfilm kama Starye steny na Dvadtsat dney zinahitaji uvumilivu kidogo kuzipata zikiwa na tafsiri.

Ushauri mmoja tu kwa Vokzal dlya dvoikh. Ina zaidi ya saa mbili na sehemu ya mwisho iko gerezani kwenye theluji, wengi wanadhani stori imeshaisha wanazima. Usizime. Platon anatakiwa kuwa getini alfajiri kabla ya kuhesabiwa wafungwa, wamechelewa, wanakimbia wawili kwenye theluji, wanaanguka, hawawezi tena, na wako mbali kidogo tu na geti. Yeye mgongoni ana akodiani. Vera anamwambia apige ili wasikie yupo. Basi anapiga, wamekaa chini kwenye theluji wamepeana migongo, na Gurchenko, mtoto wa mpiga bayan, hasemi kitu tena, anahema tu.